Fundi wa Namba Nzima

Fundi wa kompyuta alikuwa na mikono safi kupita kiasi, na kila alichoshika alikipunguza. Ndizi aliikata ncha zote mbili kabla ya kuimenya. Kucha zake zilikuwa fupi hadi kwenye nyama. Bonareri alikuwa akimtazama kutoka kitandani wodini, bintiye aliyezaliwa kabla ya wakati akiwa amefungwa kifuani kwa leso. Ukurasa wa uzito wa watoto aliuandika fundi huyo kwa JavaScript, lugha ya kompyuta, akauamuru ufute chochote kinachofuata nukta. "Desimali zinachafua ukurasa," alimwambia nesi.

Asubuhi hiyo nesi alimpima mtoto, akaingiza kilo 0.9 kwenye kompyuta. Skrini ikaonyesha 0.

"Sasa hiyo mashine inasema mtoto wangu hayuko?" Bonareri akauliza.

Fundi hakugusa kibodi. Aliisoma ile sifuri mara mbili, taratibu, kama mtu anayesoma barua kutoka nyumbani. Kisha akaja kitandani, akainama, akavuta ncha ya leso na kumfunika mtoto uso.

"Pole sana, mama," akasema kwa upole, na kidole chake kilikuwa kimeshikwa na mkono wa mtoto.