Upande wa Kaskazini wa Uwanja wa Soko

Siku yangu ya kwanza kazini nilifungwa mkanda kiunoni. Ni mkanda mpana wa kitambaa kigumu. Huvaliwa na mzee; akiinuka unaushika kwa nyuma, ili akiteleza umshushe taratibu. Nesi msimamizi wa ajensi, Mkenya wa Nyeri mwenye sauti ya kamanda, alinikalisha kitini katika fleti moja ya Adelphi, huku ughaibuni, kisha akaniinua kama mgonjwa.

"Umesikia? Hivyo ndivyo mzee husikia. Ukimvuta mkono utabaki na bega lake. Na wewe mtu wa Tanga, mdomo upumzike, mikono ifanye kazi."

Ninyi mnaoanza leo kazi ya kutunza wazee majumbani mnafundishwa kwa video. Sisi tulifundishwa na miili yetu. Nilijifunza kumgeuza mtu kwa shuka la kuvutia, lile linalotandikwa likiwa limekunjwa chini ya mgongo, ili ngozi isichubuke na kuota vidonda vya kitandani. Nilijifunza kunyamaza nikitukanwa. Nilipita nyumba nyingi, kwa kuwa mimi si mtu wa kutulia. Nikishaizoea nyumba naanza kutazama mlango. Nyumba moja tu ndiyo iliyonishika.

Ilikuwa Riverdale Park, nyumba ya mbao ya Mzee Karel. Alikuwa Mcheki, fundi saa mstaafu, mjane, na ugonjwa wa kusahau ulikuwa umekwisha kumla nusu. Binti yake, Eva, alinipokea mlangoni akiwa bado na koti la kazini.

"Hataki kuoga," alisema. "Ujia wa kwenda bafuni hapiti. Anashika fremu ya mlango na kupiga kelele. Nimemwahidi atakaa hapa mpaka mwisho, lakini tukishindwa kumwogesha itabidi aende kwenye nyumba ya wazee. Mwenyewe anaogopa hilo kuliko kifo."

Kwa hiyo kazi yangu ilikuwa hiyo: Karel aoge, abaki kwake.

Nesi msimamizi alikuwa na dawa moja. "Akikataa, una-chart 'amekataa', unasonga mbele." Niliandika hivyo majuma mawili. Mzee alianza kunuka, na Eva akaanza kuleta picha za nyumba za wazee.

Nilichokuwa nacho ni mazungumzo. Asubuhi, nikimlisha uji wa shayiri, Karel alinisimulia mji aliozaliwa, mji mdogo wa soko ambao mwanzo wake, alisema, ulikuwa njia panda ya mikokoteni ya chumvi. Mfalme mmoja wa zamani aliupa haki ya kufanya soko, na uwanja ukapimwa mraba, nyumba zikajengwa zimeshikana bega kwa bega, na mbele yake matao ambamo wachuuzi walijikinga na mvua. Katikati ilisimama nguzo ya jiwe yenye Bikira Maria juu, shukrani ya wale waliosazwa na tauni. Magharibi palikuwa na kanisa. Mnara wake wa kwanza uliungua pamoja na nusu ya mji, wa pili wakauvika kuba mfano wa kitunguu. Nyuma yake sinagogi, ambalo baada ya vita halikuwa na wa kuliingia, likajazwa magunia ya nafaka. Kusini kiwanda cha bia.

"Na kaskazini?" nilimuuliza siku moja.

"Kula," alisema, ingawa kijiko nilikishika mimi.

Niliuliza tena kesho yake, na keshokutwa. Mwishowe akaniambia, macho yakiwa kwenye ujia. Kaskazini lilikuwa jumba la mji, lenye matao mapana kuliko yote. Vita vilipokwisha, majirani waliozungumza Kijerumani waliamriwa kuondoka. Walikaa chini ya matao hayo tangu asubuhi, wamepangwa ukutani na mabegi yao, wakingoja kuchukuliwa. Mmoja alikuwa binti wa mwokaji mikate, mwenzake wa kucheza. Binti huyo alimwona Karel dirishani akampungia mkono. Baba yake Karel alifunga dirisha.

Nilitazama ujia wa nyumba ile. Mlangoni mwake palikuwa na tao la mbao.

Bafu lile lilikuwa na mlango wa pili, upande wa jikoni. Nikamfunga mkanda, nikamwambia, "Mzee, leo tupitie kusini, kiwandani."

"Watakuwa wanachemsha shayiri," alijibu, akainuka.

Aliingia bafuni akinielekeza mwenyewe. Eva alipomkuta ana nywele mbichi alikaa kwenye ngazi akalia. Tangu siku hiyo tulipita kusini kila asubuhi, na picha za nyumba za wazee zikatoweka mezani.

Nilimweleza nesi msimamizi, nikamwomba aiweke njia hiyo katika maelekezo ya mgonjwa.

Alicheka. "Sasa niandike nini? Kwamba corridor ni Ulaya? Wewe umegeuka tour guide."

Siku yangu ya mapumziko ajensi ilileta mhudumu mwingine, mama mmoja mpole ambaye hakuambiwa kitu. Alimpitisha ujiani. Karel alijitupa nyuma, wote wawili wakaanguka, na nyonga ya mzee ikavunjika. Hospitalini nesi msimamizi alisimama kando yangu. "Ningeandika tu," alisema.

Mzee aliyevunjika nyonga hawezi tena kutunzwa na mtu mmoja. Karel alipelekwa nyumba ya wazee huko Bowie, na mimi nikawa mgeni wake wa Jumapili. Palikuwa safi. Lakini chumba chake kilifungukia ujia mrefu, na kila asubuhi wahudumu waliwapanga wazee humo kwenye viti vya magurudumu, migongo ukutani, wakisubiri kupelekwa chakulani. Wengine walikuwa na mikoba mapajani.

Nilimfuata mkuu wa wodi. Alinisikiliza vizuri, hata akavua miwani. "Ndugu yangu, hapa kila mmoja ana mji wake. Ujia ninao mmoja."

Karel hakutoka chumbani tena. Jumapili ya mwisho mlango ulikuwa wazi, akanivuta shati.

"Wameambiwa wanapelekwa wapi?"

"Wanakwenda kula, mzee."

Alinitazama kama mtu aliyekwisha kudanganywa hivyo zamani. "Funga mlango," alisema. Nikaufunga. Alikufa kabla ya majira ya kuchipua.

Mimi mgongo wangu ulikataa mwaka uliofuata. Nina miaka arobaini na saba na ni mstaafu; katika kazi hii diski za uti wa mgongo ndizo hutoa barua ya kustaafu. Nazunguka tu, napanda basi lolote linalopita University Boulevard mpaka mwisho wa njia, kisha narudi. Mji wa Karel sijaukanyaga, lakini naweza kuuzunguka nimefumba macho.

Juzi nilimketisha binti yangu Zuhura, nikamwambia siku nikikataa kupita mahali, asinivute, aniulize hapo ni wapi. Nikaanza kumpitisha kwa maneno mtaa nilikokulia Tanga, Ngamiani, Barabara ya Nane, toka mlangoni kwetu: duka la mafuta ya taa, kwa fundi cherehani, kona.

"Okay, Baba. And after the corner?"

Nilifumba macho nikatafuta, lakini baada ya kona mtaa ulikuwa umenifutika. Yeye alisubiri, kisha akaendelea kusubiri.