Alama ya Kurudisha Saa

Juzi, hapa Sofu, mwanangu alichora konokono ukutani kwa mkaa, nikakumbuka mchana mmoja kwa bibi, Kibuta.

Mama alikuwa amempeleka mdogo wangu hospitali, anachemka homa. "Saa kumi na mbili tutakuwa tumerudi," aliniahidi. Namba nilizijua, saa sikuijua. Mshale mfupi ulipogusa kumi na mbili, uani kunanukia mihogo ya kuchemsha na mama hayupo, nilichora ukutani alama niliyoibuni mwenyewe, konokono anayerudi kinyumenyume, ili muda nao urudi. Leo najua ilikuwa saa sita tu. Nililia hadi usingizi ukanipitia.

Niliamshwa na sauti ya mdogo wangu akidai uji. Mshale ulikuwa kwenye sita.

"Mama, ulichelewa, ila nimekurudishia muda!"

Mama akaketi kizingitini, akacheka. "Asante, mwanangu. Kidogo utuishie."