Kesi ya Darasa la Viziwi

Uamuzi tuliusikiliza nyumbani Huruma, kwenye simu yangu niliyoiegemeza kwa chupa ya chai. Baba alikuwa amevaa koti la kanisani. Nilimwambia jaji hatatuona, kamera nimeizima.

"Iwashe," akasema. "Kwani tunajificha?"

Kesi ilikuwa ya dada yangu mdogo, ambaye hasikii. Shule ya msingi iliyo karibu nasi ilikuwa na darasa moja la viziwi, na alikuwa akienda kwa miguu. Bodi ya shule ikaamua kulifunga, chumba kiwe cha kompyuta. Baba akaenda kortini kuomba lisifungwe. Wakili aliandika juu ya karatasi kwamba ni jambo la dharura. Dharura hiyo ikatajwa, ikaahirishwa, faili ikakosekana, jaji akahamishwa, ikatajwa tena. Muhula ukaisha, na uliofuata pia.

Dada alishinda nyumbani akichambua maharagwe na kusahau ishara. Mtaani hakukuwa na wa kuzungumza naye ila sisi, na sisi tunajua chache. Mimi, msomi wa nyumba, nikamwambia Baba kwamba kesi haimfundishi mtoto. Tumpeleke shule ya bweni, hata kama ni mbali, mpaka korti iamue.

"Na wakisema tumekubali kushindwa?"

"Baba, huyu ni mtoto, si ushahidi."

Akakubali, tukampeleka. Nilijipenda sana siku hiyo kwa kusema hivyo.

Jaji alisoma kwa dakika chache tu. Darasa halipo tena, vifaa vimegawanywa, na mtoto ameshapata shule kwingine. Kwa hiyo ombi limepitwa na wakati, hakuna kilichobaki cha kuamua. Faili ifungwe. Hakusema bodi ilikosea, wala hakusema ilikuwa na haki. Wakili wa bodi akashukuru. Wetu naye akashukuru.

"Huyu wetu anashukuru nini?" Baba akauliza.

Nikamwambia ndiyo sheria hiyo: ukitaka kumdhulumu mtu, harakisha umalize kabla tarehe ya kesi haijafika. Nikamwambia tungemwacha mtoto na maharagwe, labda leo tungekuwa bado na kesi. Niliongea mpaka akavua koti.

"Maneno unayo," akasema. "Sasa mpigie umwambie."

Matroni wa bweni alimshikia simu ya video. Dada hakusalimu. Akauliza kwa mikono: tumeshinda? Nikatikisa kichwa: hapana. Wameshinda wao? Nikatikisa tena. Akakunja uso, akamgeukia Baba, kisha akauliza kile anachouliza kila Jumapili: nifungashe nguo?

Baba alijibu polepole, kwa vidole vilivyozoea jembe. Hapana. Kaa huko.

Nani ameamua? akauliza.

Baba akanisogezea simu. Nikawaza kumtaja jaji, lakini jaji hakuwa ameamua chochote. Nikajigusa kifua: mimi.