Uyoga wa Gogo Mbele ya Mkwe

Uyoga wenyewe mdogo, kama ukucha wa kidole gumba. Juu una manyoya ya kijivu, chini mistari kama upepeo wa ukili. Unaota kwenye magogo ya mikorosho iliyokufa, mvua za kwanza zikipiga tu. Nimeutafuta sana kwenye telefoni, nimeona uyoga wa dunia nzima, huu wa kwetu sijauona. Sisi tunauita uyoga wa gogo, basi. Mgumu kama kiatu. Bila kuutwanga na kuuchemsha hauliki.

Sasa siku hiyo mama mkwe wa dada yangu kaja kutoka kisiwa cha Vamizi, mara yake ya kwanza kula mapishi ya dada. Bahari imechafuka, samaki hakuna. Nikakimbia machamba, kule mashambani kwenye mikorosho, nikachuma kapu zima, dada akaupika kwa nazi na karanga. Harufu mpaka barabarani!

Bi mkubwa, mama mkwe huyo, akafunua bakuli, akalifunika.

"Sisi kwetu tunakula samaki, mwanangu. Vya kwenye kuni tunakokea moto."

Dada akainama, machozi hayo. Kwetu uyoga wa porini, aliyeuchuma au aliyeupika anaonja kwanza, watu wanaona hauna sumu, ndiyo wengine wanakula. Lakini dada bi harusi, kula mbele ya mkwe ni kukosa adabu. Bakuli na ugali vimekaa tu katikati ya mkeka.

Mimi damu ikapanda. Dada yangu huyo! Aliyenilea huyo!

"Nimeuchuma mimi, naula mimi!"

Nikavuta bakuli. Tonge la kwanza nikalila namkodolea macho bi mkubwa. La pili, la tatu... hasira na utamu wa nazi vikashikana, mkono hausimami. Dada ananifinya mgongoni, wapi!

"We mtoto! Unaonja au unahama nao? Na mimi nile nini?" Bi mkubwa huyo.

Nikatazama. Mchuzi kidogo tu, chini kabisa. Bi mkubwa akaninyang'anya bakuli, akachovya tonge la ugali. Akachovya tena. Mwisho akawa anakomba kwa kidole.

"Mkwe wangu," akamwambia dada, "kesho upike tena. Huyu mumfungie nje."

Dada akacheka mpaka mtandio ukaanguka.

Asubuhi tulikuwa machamba, mimi na bi mkubwa, kila mtu na kapu lake. Nikiona gogo zuri tu, yeye kashafika.

"Hili langu. We pita kule."