Cachet ya Tasarembe

Batu ya Vulengera, hapa Butembo, banasema bwana yangu Ananie alikuwa mutu ya politike. Banisamehe, mais bajinga njo banasema vile. Ananie alikuwa mwalimu ya sixième primaire, mutu ya sauti ndogo, mwenye alishindwa hata kufukuza mbuzi ya jirani mu maharagi yetu. Kitu yenye alikuwa nayo ni inchi moya mu kichwa, na miye Jokébed, bibi yake, nilimuambia mara mingi aiache.

Mu mwaka ya 2001 basoda baliingia mu masomo yetu, bakalala mu baclasse, bakachoma mabanc ku moto ya kupikia. Ananie akakusanya batoto nyuma ya nyumba yetu. Hakukuwa vitabu, hakukuwa bulletin, hakukuwa inspecteur. Batoto bakaanza kukata moyo, moya moya bakapotelea mashambani. Njo pale alibatengenezea Tasarembe.

Tasarembe, alibaambia, ni inchi yenye milima inatembea na mito inaomba ruhusa mbele ya kupita. Kule mukubwa ya jeshi anakaa nyuma ya batu bote. Mwenye anaheshimiwa ni ule aliuliza ulizo yenye hapana mutu aliuliza, akaifuata mpaka mwisho. Kila miaka kumi mufalme anatoa Prix ya Tasarembe: anashuka ku kiti yake, anamukalisha musomi pale, anamunawisha miguu mbele ya inchi yote. Batoto balisikiliza kinywa wazi. Miye nilikuwa kando ninachagua maharagi, na nilikasirika, juu ile uongo ilikuwa muzuri kuliko kila kitu ya kweli yenye tulikuwa nayo.

Kila mutoto akapewa miezi mbili ya kufuata ulizo yake. Kaswera, binti ya Papa Lusenge mulimaji wa kabichi, alikuwa na miaka kumi na tatu. Aliamuka asubui makumi ine kuangalia ukungu ya muto Kimemi, akaandika juu ya nini siku ingine inapanda mbele ya jua na siku ingine inakatala. Njo yeye alishinda. Ananie akamuandikia diplome kwa français, Royaume de Tasarembe, Prix du Roi, jina ya mutoto katikati. Halafu akachonga cachet, muhuri ya mufalme, mu mupira ya sandale yangu, bila kuniomba, akaipiga pale chini na wino ya bleu. Akamunawisha Kaswera miguu mu beseni yangu. Nilimutukana ile siku yote juu ya sandale, na yeye alicheka tu.

Mukumbuke vile ile miaka ilikuwa. Kila mwenye bunduki alikuwa na serikali yake, na kila serikali na cachet yake. Toka Butembo mpaka Beni ulipita ku babarrière ya basoda, na ku kila moya baliomba karatasi. Yenye iliandikwa, hapana mutu aliisoma, balitafuta cachet. Siye bote tuliishi vile. Papa Lusenge hakujua kusoma, mais ile sheria aliijua kama sala.

Donc wakati dada yake wa Beni alisema anaweza kuingiza Kaswera mu secondaire kule, Lusenge akashika diplome, akashika mutoto, akaenda. Ku barrière ya kwanza musoda akaangalia cachet, akaipigia saluti, akafungua kamba. Mais ku mulango ya Beni kulikuwa officier mwenye alisoma. Akauliza Royaume de Tasarembe ni mouvement gani, inapata silaha wapi, na roi ni nani.

Lusenge alijibu tu kama Mwalimu Ananie njo alitoa ile karatasi. Bakamufunga. Moustapha, dereva ya camion, njo alituletea habari. Nilimushika Ananie ku shati, nikamuambia asiende, atume padiri. Alisema Lusenge hakukosa kitu, kosa ni yake yeye. Nikaenda naye, juu hasira haikuniachilia kubaki.

Mu bureau, Ananie akaeleza polepole: ni hadisi, Commandant, ni ya kupatia batoto moyo. Officier hakumuamini. Akamuita Kaswera, mwenye alikuwa anangojea baba yake pale inje, akamuuliza kama Tasarembe iko. Na ule mutoto, juu alifikiri akijibu muzuri baba yake atafunguliwa, akajibu vile alijibuaka mu classe. Akaeleza milima, mito, kiti. Hakusahau hata kitu moya. Officier akaandika yote, page tatu. Ee Nyamuhanga, Mungu wetu, nilitaka kumuziba kinywa na mikono yangu.

"Mukubwa ya jeshi anakaa nyuma?" officier akauliza.

"Ndiyo, Commandant. Musomi njo anakaa mbele."

Officier akaweka bic chini. Akasema mufalme moya anamutosha. Akimupata, mulimaji wa kabichi anaweza kwenda. Ananie akaangalia Kaswera. Angeweza kumuambia pale pale kama alimudanganya, kama hakuna prix, kama alishinda bule. Nilikuwa ninangoja aseme vile. Nilimuomba na macho.

"Mufalme ni miye," akasema. "Acha huyu baba arudie na mutoto wake."

Bakafungua Lusenge. Miye bakanisukuma inje.

Kila juma nilienda Beni na chakula. Musoda wa mulango alifungua régistre, akapitisha kidole, akasema hapana Ananie mule. Nilitukana, nilipiga magoti, nilitaja jina ya baba yake na ya ukoo yake. Ku mara ya tano nilisimama pale na sahani mukononi, nikamuuliza, na haya yangu yote, kama kuko mufalme wa Tasarembe.

Kidole yake ikasimama.

"Uyu iko," akasema. "Alikufa ile juma ya kwanza. Na weye, mama, ni nani wake?"

Nikamuambia miye ni bibi ya mwalimu, ninaomba mwili. Akafunga régistre. Akasema hapana mwalimu mwenye alikufa pale.