Kikwembe cha Harusi

Mimi nilijiona fundi, na huo ndio uliokuwa ujinga wangu.

Nilikuwa nimetengeneza filamu ya watu wanaokunywa maji machafu ya mgodi mmoja nje ya mji. Aliyekubali kusema ni mama mmoja, na mume wake alikuwa mlinzi palepale mgodini. Akijulikana, mume hana kazi. Nikamwapia: uso wako hakuna atakayeuona. Nikampiga picha kuanzia shingoni kwenda chini, na sauti nikaibadilisha.

Tulionyesha filamu Kasapa, chuo kikuu, mchana, mapazia yamefungwa, ukumbi umejaa wanafunzi. Mbele alikaa mkuu wa wafanyakazi wa mgodi. Nilimwalika mwenyewe, kwa kiburi tu, aone. Mama alikaa nyuma na jirani zake. Mimi nilikuwa mlangoni, karibu na kompyuta ya kuonyeshea filamu na swichi kubwa ya umeme.

Mama akatokea kwenye picha, mikono juu ya magoti, anaeleza ngozi ya mtoto wake inavyobanduka. Karibu yangu jirani mmoja wa mama akacheka kidogo.

“Yo! Si ni kikwembe cha harusi ya binti yake?”

“Nyamaza! Patron wa mgodi naye alikuwa kwenye ile harusi!”

Kwetu familia huchagua kikwembe kimoja, kitenge cha harusi, wote wakashona, na wageni hukikumbuka kuliko keki. Mimi nilikuwa nimekipiga picha kwa karibu kabisa, ua kwa ua, kwa sababu kilinipendeza! Mkuu akavua miwani, akaifuta, akaivaa tena. Akainama mbele.

Nikashusha swichi.

“Courant imeenda!” ukumbi mzima ukalalamika, kama tunavyolalamika nyumbani kila siku. Hakuna aliyeuliza. Maisha yangu yote nimetukana umeme wa mji huu. Siku ile uliniokoa.

Mapazia yakafunguliwa. Mkuu akanipa mkono.

“Pole, bwana. Hii inchi yetu! Ule mama iko wa wapi?”

“Wa mbali, patron.”

Akanitazama kidogo, akaenda zake. Mpaka leo sijui kama aliniamini.

Mama aliningoja nje kwenye ngazi. Nilianza kuomba msamaha, akanikatiza.

“Uso ulificha. Sauti ulificha. Nguo, hata hukuniuliza! Weye mwanaume kweli!” “Fungua ile mashine.”

Nikafungua kompyuta magotini. Akasimama juu yangu mpaka nikafuta picha zake zote, moja baada ya nyingine. Niliona uchungu, sikatai. Bila yeye filamu haikuwa na kitu, na nilikuwa najua.

“Na kile kidogo cha ndani ya kamera?”

Nikampa kadi. Akaifunga kwenye ncha ya kikwembe cha kila siku alichovaa, akakaza fundo kwa meno, akashuka kwenda barabarani bila kuniaga.