Kiu ya Bi Mwanakheri

Mwaka wa sabini Bi Mwanakheri alianguka kitandani kwa maradhi, na hapakuwa na mwanamke wa Paje aliyekwenda kumtia maji mdomoni. Tangu mwaka wa arobaini na moja ilinong'onwa kwamba alimzamisha mke mwenziwe, Tabia, siku walipokwenda wawili kufukua makumbi ya nazi yaliyozikwa ufukweni yaoze. Polisi walikuja kutoka mjini, wakauliza, wakarudi. Maneno yakabaki.

Mashavu, binti wa Tabia, wakati huo alikuwa akitambaa. Sasa alikuwa na binti wa kuposwa, na mgonjwa alikuwa akimwita yeye.

"Nenda kamnyweshe aliyemnywesha mama'ko bahari," Mwanapili alimchokoza ufukweni, huku akiponda makumbi yatoke nyuzi za kamba. Wenziwe wakacheka kidogo.

Mashavu akaenda kwanza kwa Bi Mize, aliyemwosha mama yake.

"Shikamoo, Bi Mize."

"Marahaba, mwanangu."

"Mama alikuwa na alama za mikono shingoni?"

"Anayeosha maiti hasemi alichokiona. Hata polisi sikuwaambia."

"Bi Mwanakheri anakufa na kiu."

Bi Mize aliinama. Aliponyanyua uso, sauti yake ilikuwa ndogo.

"Shingo ilikuwa safi. Ulimi ndio uliong'atwa, meno yameingia. Mama'ko alikuwa na kifafa, nami nkamsitiri."

Siku hizo mwenye kifafa alitengewa kata yake ya maji na sahani yake, na binti yake hakupata mchumba. Mashavu aliyajua hayo. Akaenda kwa mgonjwa, akamnywesha kijiko baada ya kijiko.

"Kilimshika majini?"

"Kilimshika, nami nipo mbali. Nilipofika nshachelewa."

"Mbona hukusema?"

"Aliniapisha nisiyataje maradhi yake. Tena wewe ulikuwa hujaolewa."

"Nshaolewa zamani, mama."

"Basi nshazoea," akasema Bi Mwanakheri, akafumba macho.

Asubuhi Mashavu alikaa ufukweni katikati ya wenziwe. Alimfikiria Wanu, bintiye, na watu wa Makunduchi waliokuwa waje Ijumaa kumposa. Hata hivyo akasema, kwa sauti ya kumfikia kila mmoja:

"Mama yangu alikuwa na kifafa. Ndicho kilichomuua. Bi Mwanakheri hana hatia."

Mwanapili akaweka chini mti wake wa kupondea.

Adhuhuri uji ulifika kwa Bi Mwanakheri, bakuli tatu, kutoka nyumba tatu. Watu wa Makunduchi hawakuja, Ijumaa ile wala iliyofuata.